Baraza la Zege Jeusi

3 Machi

Kwako mke mwenzangu,

Barua yako imefika. Kurasa mbili, na ukurasa mzima ni salamu. Umeuliza hali ya babu yako mara tatu, kana kwamba ukiuliza tena atapona. Hajapona. Miaka thelathini na moja alifunga mifuko kiwanda cha saruji, akija jioni anajikung'uta mlangoni, na mimi namfokea asiniletee vumbi ndani. Kumbe lililobaki mlangoni lilikuwa kidogo tu. Lililo jingi aliingia nalo kifuani.

Simu usinipigie. Sikio la kulia limekufa, la kushoto linasikia linachotaka, na babu yako hana pumzi ya kupoteza kwa kusema haloo, haloo. Andika. Nilifika darasa la tatu tu lakini kusoma nasoma, na kuandika unaona mwenyewe.

Sasa nisikilize. Jumanne umeme ulikatika saa nane mchana. Ile mashine yake ya pumzi ikalia kama mbuzi, kisha kimya. Nilikuwa uani naanika. Nilipofika ndani midomo yake ilikuwa rangi ya zambarau, na macho yananitazama bila kuniomba kitu, ndiyo tabia yake. Nikafungua mtungi wa akiba. Ule mtungi ni wa saa moja na nusu, basi. Umeme ulirudi baada ya saa moja na dakika ishirini. Hesabu wewe uliyesoma.

Usiniambie habari za betri. Mbili zimenifia mkononi. Ya kwanza ilivimba kama shavu la mwenye jino bovu, ya pili ilikwenda hata bila kuaga.

Mwaka jana ulikaa mezani kwangu ukajisifu kwamba huko maabara mnatengeneza zege linaloweka umeme kama pipa linavyoweka maji. Nilikucheka mpaka nikakohoa. Sasa sicheki. Lete hilo zege.

Bibi yako


14 Machi

Bibi yangu,

Shikamoo. Na babu mpe shikamoo yake, asiitikie kwa sauti, atikise kichwa tu inatosha.

Barua yako niliianza nimesimama, nikamalizia nimekaa sakafuni. Nimefikiria siku nne kabla ya kujibu. Nimekubali. Nimezungumza na mkuu wa maabara, hana neno.

Nitakueleza ili usije ukadhani ni uganga. Ni vibao vya saruji, mchanga kidogo, maji, na masizi meusi ya kiwandani, laini kuliko poda. Saruji inapokauka masizi yanajipenyeza ndani yake kama mizizi. Ukisimamisha vibao viwili pamoja, katikati ukaweka kitambaa chembamba visigusane, kisha ukavilowesha maji ya chumvi, umeme unaingia na kukaa kwenye ile mizizi. Ukiuhitaji, unatoka. Maji ya chumvi ndiyo njia yake, Bibi. Bila hayo ni mawe meusi tu.

Natuma masizi, chumvi, vitambaa, inveta, kile kifaa cha kuugeuza umeme ufae mashine, pamoja na waya zake, na michoro ya mwashi. Vibao arobaini na nane, vipangwe kama vitabu ndani ya sanduku la matofali kando ya ukuta wa chumba cha babu. Juu lifunikwe, muwe na baraza la kukalia. Kwa hesabu yangu litaibeba mashine saa mbili, na dakika kidogo juu yake.

Nakuomba mambo mawili, na nakuomba kwa magoti. Kwanza, maji ya chumvi yasimwagwe. Vibao vitaota unga mweupe, maji yatabadilika rangi, usiyaguse. Pili, baada ya wiki mbili, mpe babu mtungi, kisha zima swichi kuu ya nyumba nzima. Mashine ikiendelea kwa nguvu ya baraza, tumefaulu. Umeme ukiwepo ile taa ndogo ya inveta itawaka tu, kwa hiyo taa peke yake si kipimo. Lazima uzime.

Wako akupendaye,
Mjukuu wako


2 Aprili

Mke mwenzangu,

Masizi yako ni laana. Yameingia kwenye shuka, kwenye sukari, kwenye kope za macho yangu. Jana nilipiga chafya, leso ikawa kama ya muuza mkaa. Kuku mweupe wa jirani alipita uani akatoka kunguru.

Kazi amefanya Fundi Timazi, yule mwashi wa nyumba ya tatu kutoka kwetu, anayetembea na timazi ya kunyooshea kuta mfukoni hata harusini. Alitazama michoro yako akaigeuza juu chini, akauliza, "Mama, nondo ziko wapi?" Nikamwambia hakuna nondo, mjukuu amekataza. Akasema, "Zege bila nondo ni mkate." Nikamwambia basi leo tunaoka mkate, vua shati.

Babu yako alitaka kutolewa nje. Tulimtoa na kiti chake, waya wa mashine ukapita dirishani. Akakaa pale kama msimamizi. Kusema hawezi, anapiga fimbo chini: mara moja, changanya zaidi, mara mbili, maji yamezidi. Timazi akilalamika fimbo inapigwa mara tatu, hiyo haikuwa na maana yoyote, ilikuwa kumtukana tu. Sijamwona hivyo tangu mwaka juzi. Kile kiwanda kilimtoa kwa barua ya mistari minne, na hakuna aliyewahi kumuuliza tena habari ya saruji mpaka siku hiyo.

Vibao vimekauka, vimepangwa, vitambaa viko katikati kama ulivyochora. Fundi wa umeme amekuja akaunga waya akaenda zake. Chumvi tumeitia ndani na maji yake. Timazi alisimama anaitazama kama mtu anayetazama nyoka akikaribishwa chumbani. Anasema miaka ishirini na sita anafukuza chumvi kwenye kuta za watu, leo anaiingiza kwa mkono wake mwenyewe, na ukuta wenyewe ni wa mzee, aliujenga tofali kwa tofali kabla mama yako hajazaliwa. Nikamwambia afunike.

Limekuwa baraza zuri. Limenyooka. Jeusi kama sufuria ya shughuli, lakini limenyooka.

Bibi yako


11 Aprili

Bibi,

Shikamoo. Nimecheka habari ya kuku mpaka mwenzangu wa meza ya pili akaja kuuliza kuna nini. Ya fimbo sikucheka. Hiyo nimeikunja nikaiweka kwenye mkoba.

Siwezi kuja sasa. Tuna wakaguzi mpaka Julai na hakuna anayeruhusiwa kutoka. Kwa hiyo macho yangu huko ni wewe. Nijibu moja moja, usiniruke:

Maji ya chumvi yamo bado, na yamevifunika vibao?

Unga mweupe umetoka?

Ulizima swichi kuu? Mashine iliendelea kwa muda gani?

Hilo la tatu, Bibi, ndilo linaloninyima usingizi. Tafadhali.

Mjukuu wako


20 Aprili

Mke mwenzangu,

Unaniuliza maswali kama karani wa mahakama. Nimelea watoto watano na mume mmoja, na huyo mume ni kama watoto wengine watano. Hakuna aliyenipa maswali ya kujibu moja moja.

Maji yamo, yamejaa. Unga ulitoka, mweupe kama ukurutu, nimesafisha, nyumba yangu haijawahi kukaa na uchafu. Swichi tumezima. Mashine iliendelea. Taa inawaka hivi ninavyoandika, ya kijani, naiona kutoka hapa. Basi lala.

Babu yako ameninyang'anya kalamu.

*Mke wangu mdogo. Nakaa juu ya baraza lako kila asubuhi, lina ubaridi mzuri. Bibi yako hakwambii kwamba nakula vizuri, anataka umhurumie yeye. Kibao cha tatu kutoka mlangoni kimepinda kidogo, Timazi anakataa. Kimepinda. Pumzi fupi, barua fupi. Babu.*

Umeona? Mgonjwa gani ana maneno hivi.

Bibi yako


21 Mei

Bibi,

Shikamoo.

Siku tatu nilizoruhusiwa kukaa hapo kwa mazishi ya babu tulizungumza habari za turubai, za viti vya kuazima, za nani amefika na nani hajafika. Baraza hatukulitaja. Wanawake walilikalia kuanzia asubuhi mpaka jioni, wamejaa, mmoja akiinuka mwingine anakaa. Mimi nilikuwa mlangoni nawatazama wamekaa juu ya kosa langu. Nilitaka kufungua kifuniko nione ndani. Ningewaambia nini wainuke?

Jirani mwenye pikapu ndiye aliyenisimulia, na alisimulia haraka, macho chini. Kwamba tarehe saba umeme ulikatika saa nne asubuhi. Kwamba mtungi uliisha saa tano na nusu. Kwamba uliwasha inveta na mashine haikupumua hata mara moja. Kwamba babu alikwenda saa sita na robo, na umeme ulirudi saa tisa, mashine ikaanza kulia yenyewe chumbani na wewe ukaenda kuizima.

Sasa nikuambie nisilokuambia. Sikumuuliza mkuu. Nilijua atakataa. Masizi niliyachukua ghalani nikaandika kwenye daftari kwamba yamelowana. Vibao tulivyokuwa tumepima hapa vilikuwa na ukubwa wa kiganja. Vikubwa kama vile, arobaini na nane kwa pamoja, hakuna aliyewahi kupima, wala mimi. Nilipokuandikia "saa mbili na dakika kidogo" ilikuwa hesabu ya karatasi. Ulipojibu kwamba mashine iliendelea nilijiona fundi. Huenda liliendelea siku ile moja, kisha likafa taratibu, na mimi nilikuwa huku nalala.

Nimemweleza mkuu yote. Hakupaza sauti. Ameniambia nirudishe funguo tarehe thelathini Juni, na nimemwambia hata asiponifukuza naondoka. Kuna duka la vigae linataka mtu wa kukaa kaunta. Sitashika zege tena maishani.

Sikuombi msamaha. Nataka tu ujue aliyemkatia babu pumzi ni nani, usije ukailaumu idara ya umeme.

Mjukuu wako


29 Mei

Mama,

Salamu nyingi kutoka kwangu Timazi. Nimechelewa kujibu, niko huku kwenye kazi ya shule, tunamwaga sakafu ya ghorofa ya pili na ikianza hairuhusiwi kusimama.

Nimesoma uliyoandika, kwamba yale ya maji yabaki kati yetu. Mama, mimi sikatai heshima yako. Tangu nikiwa kibarua mzee ndiye aliyenifundisha kushika pimamaji. Lakini juzi mjukuu wako alinipigia simu. Aliniuliza mchanganyiko ulikuwa mzito au mwepesi. Akaniuliza kama vibao vilipasuka. Kila nikisema hapana alikuwa anavuta kamasi. Nikamwambia mtandao mbaya, nikakata. Nina miaka hamsini na nne, Mama, na nimesingizia mtandao kama mtoto aliyevunja kikombe.

Aliyesema chumvi itakula ukuta ni mimi. Aliyesema itoe ni wewe. Aliyeitoa kwa ndoo ni mimi tena. Kwa hiyo sijifichi nyuma yako.

Akiuliza mara ya pili nitamwambia. Lakini haitakuwa vizuri aipate kwangu.

Fundi Timazi


6 Juni

Mjukuu wangu,

Leo sikuiti mke mwenzangu. Mume hayupo, na utani hauna mahali pa kukaa.

Kwanza, ulidanganya kuhusu mkuu wako na uliiba masizi. Ningekuwa karibu ningekuchapa kwa mwiko, na mkuu wako ningemwita aje atazame. Hilo limekwisha. Sasa kaa kitako, maana nitasema mara moja tu na sirudii.

Siku kumi na moja baada ya kazi, ule unga mweupe ulitoka. Ulipanda kwenye vibao, ukapanda kwenye matofali, ukafika kwenye ukuta wa chumba, kiasi cha shubiri moja. Nilisugua asubuhi, jioni umerudi. Timazi akaja akaukwaruza kwa ukucha akasema, "Mama, hii ni chumvi, imeanza kula ukuta wa mzee." Wewe ulikwisha kuniandikia nisiguse. Barua yako ilikuwa kwenye droo, nilijua ilipo. Lakini nilisema moyoni, huyu mtoto anajua vya kwenye chupa, Timazi anajua kuta. Na ule ukuta, sijui nikueleze vipi. Alikuwa akitoka kiwandani amechoka, anajenga safu mbili kabla giza halijaingia, mimi nimeshika taa ya chemli, mama yako yuko tumboni. Sikuwa tayari kuona unanyofoka.

Nikamwambia Timazi atoe maji yote. Tukasuuza kwa maji ya bomba, siku tatu, maji mapya kila siku, mpaka yakatoka meupe bila ladha. Ndiyo, nilionja. Kisha tukajaza maji safi. Nilipokuandikia kwamba maji yamo, yamejaa, sikukosea. Yalikuwemo. Yalikuwa ya bomba.

Na swichi sikuzima. Nilikwenda mpaka pale ilipo. Babu yako alikuwa kwenye kiti, mtungi uko tayari, ameshika mpira puani mwake, ananitazama. Nikaweka mkono kwenye swichi. Nikaona ile midomo ya Jumanne ile. Mkono ukakataa. Nikamwambia tutafanya kesho, na kesho yake nikakuandikia kwamba tumefanya. Taa ilikuwa inawaka kwa sababu umeme ulikuwepo. Ulikwisha kuniambia hiyo si kipimo. Nilijua, nikakuandikia hivyo hivyo ili uache kunisumbua.

Bado kuna moja, na hili hata Timazi halijui. Tarehe saba, umeme ulipokatika, jirani wa pikapu alikuja mlangoni. Saa nne na dakika kumi. Injini inaunguruma. Akasema, "Mama, tumpeleke hospitali sasa hivi, mimi natoka kwenda kazini, nikitoka sirudi mpaka saa saba." Nikamjibu, na nilimjibu kwa kiburi, wenye nyumba nyingine wanasikia: "Nenda zako kazini. Sisi tuna baraza, mjukuu wetu ametengeneza." Akaenda. Huyo ndiye aliyekusimulia macho chini. Uliona anaficha aibu yake, kumbe alikuwa anaficha yangu.

Mtungi ulipokwisha niliwasha inveta. Nikawasha tena. Nikapiga lile baraza kwa kiganja kama mtu anayeamsha mlevi. Babu yako akanishika mkono nisiendelee. Pumzi ya kusemea hakuwa nayo. Alikaa ameshika mkono wangu dakika arobaini na tano. Nilikuwa na nafasi ya kumwambia kwamba nilimwaga maji. Sikumwambia. Nilimwambia umeme unarudi sasa hivi.

Kwa hiyo usiende kukaa kaunta kwa kosa ambalo si lako. Lako ni la wizi na uongo, nalo ni dogo. Pumzi ni langu.

Sijui barua kama hii inamalizwaje.

Bibi


15 Juni

Bibi,

Shikamoo.

Nimeisoma mara nne. Mara ya kwanza niliitupa. Nakuambia kwa sababu umeniambia kweli na mimi sitaki tuanze tena kufichana.

Siwezi kukuandikia kwamba si kitu. Nimejaribu, kalamu haiendi. Nilikuandikia "kwa magoti", Bibi. Nilikuwa nimejua kabisa kwamba unga utatoka na kwamba utataka kuusafisha, kwa maana nakujua. Nikadhani nikikuomba vizuri itatosha. Wiki nne nimekuwa nikiosha mikono kila baada ya dakika kumi nikidhani nimeua mtu kwa hesabu.

Lakini pia siwezi kukuachia uibebe yote. Ningekuwa sikuiba, ningekuja mwenyewe na mtu wa maabara, na yule mtu asingekuogopa, angezima swichi. Sikuja kwa sababu nilikuwa najificha. Ulibaki peke yako na michoro na mwashi. Na hata sasa sijui kama lingefanya kazi hata chumvi ikiwemo. Hilo ndilo linalonitafuna zaidi. Huenda ulimwaga maji ya baraza ambalo lilikuwa limeshakufa tangu kwenye karatasi yangu. Sitajua kamwe.

Nilimpelekea mkuu barua yako. Usinikasirikie, sikuwa na njia nyingine. Aliisoma, akavua miwani, akakaa. Kisha akasema anaweza kuniacha nibaki kwa sharti moja: niandike ripoti kamili, ya watu wengine kusoma, kwamba zege hili liliwekwa kwenye nyumba ya mtu, likashindwa, na mtu akafa, na kwa nini. Anasema vibao vya kiganja havijawahi kutufundisha kwamba mwenye nyumba atasafisha. Nikamwambia siwezi. Kuandika "kwa nini" ni kukuandika wewe, na itasomwa na watu nisiowajua, na itabaki. Nimemwambia nitarudisha funguo kama tulivyopatana.

Dukani wananisubiri tarehe mosi. Wanasema nina sura ya upole, inafaa wateja.

Mjukuu wako


26 Juni

Mjukuu wangu,

Barua hii nampa jirani wa pikapu ailete mkononi mwako, maana posta ingefika baada ya tarehe thelathini. Yeye ndiye amejitolea, mimi sikumwomba. Mpe maji ya kunywa.

Umesema hutajua kamwe. Nani kakuambia? Baraza si lipo hapa?

Timazi alikuja Jumapili ile ile niliyopata barua yako. Tulifungua kifuniko. Tukatoa maji ya bomba kwa ndoo. Ile chumvi yako ilibaki gunia zaidi ya nusu, nilikuwa nimeliweka chini ya kitanda. Nikafungua droo nikatoa barua yako ya Machi nikaibandika ukutani kwa gundi, ili nisome bila kushika kwa mikono iliyolowa, nikafanya kama ilivyosema, neno kwa neno. Timazi alisema neno moja kuhusu ukuta. Nikamtazama, akainama akaendelea.

Tuliliacha lilowe siku saba. Nilitaka kuliacha wiki mbili kama ulivyosema lakini tarehe thelathini ilikuwa inakuja mbio. Unga ulitoka. Upo. Umepanda mpaka dirishani.

Leo asubuhi nilizima swichi kuu. Mwenyewe. Kisha nikawasha mashine ya babu yako, ile ile, nikaweka mpira wake juu ya mto. Saa ya ukutani ilikuwa saa tatu kamili.

Ilipumua.

Nilikaa kitandani nikaitazama. Ilikuwa inatia pumzi kwenye mto, mto unanywea na kutuna kidogo sana, pale kwenye kitambaa. Timazi alitoka nje baada ya robo saa, akasema ana kazi. Hakuwa na kazi, nilimwona dirishani amekaa chini uani. Mimi sikuondoka. Ilianza kulia saa tano na dakika tisa, na ilipofika saa tano na dakika kumi ikanyamaza.

Saa mbili na dakika kumi. Karatasi yako haikukosea hata kidogo.

Basi nimehesabu, na sikusoma. Mtungi uliisha saa tano na nusu. Ongeza saa mbili na dakika kumi, unapata saa saba na dakika arobaini. Pikapu ilirudi saa saba kamili. Ingemkuta hai. Hospitali angefika au asingefika, hilo sijui wala wewe hujui, lakini pikapu ingemkuta hai amekaa kwenye kiti chake, akipiga fimbo kwamba tumechelewa.

Hii ndiyo ilikuwa inakufaa uijue, ingawa mimi ingenifaa nisiijue. Ningeweza kukuandikia kwamba mashine haikuwaka. Ungelala, nami ningelala. Nilifikiria hilo muda wote ilipokuwa inapumua.

Sasa ripoti. Unasema kuandika ni kuniandika mimi. Niandike. Andika kwamba bibi yako, mwenye nyumba, alikatazwa kumwaga maji akayamwaga. Andika kwamba aliambiwa azime swichi, akaogopa, akasema amezima. Andika na pikapu. Usiandike "mtumiaji", sijui nini, yale maneno yenu ya kufunika. Kuna mwanamke mahali fulani ana mgonjwa ndani na ukuta anaoupenda, na ataona ule unga asubuhi, na atachukua brashi. Huyo hatamsikiliza mkuu wako. Mimi ataniamini, maana mimi ni yeye.

Na andika pia kwamba msimwache mtu peke yake na swichi ile. Tumeni mtu wa kuizima. Mkono wa mke hauwezi.

Dukani waambie wamtafute mwingine mwenye sura ya upole. Funguo zako kaa nazo. Ukimaliza kuandika, nitumie nisome, na ukiwa umenihurumia mahali popote nitaijua, nitairudisha na utaandika upya.

Bibi yako